Filamu fupi zisizo na kisa: mwendo unapobeba kazi yote, tuzipime kwa lipi?

Jicho Pembeni (mwanzisha uzi)

Wanajukwaa, salaam.

Mijadala ya filamu fupi za majaribio, hasa zile dhahania ambazo hazina mhusika, mazungumzo wala tukio la kusimuliwa, hukwama mara nyingi kwenye swali moja: "Ilikuwa inahusu nini?" Mtazamaji akikosa jibu huamua ama kwamba yeye hana elimu ya kutosha, ama kwamba mtengenezaji anawahadaa watu. Nafungua uzi huu kutetea hoja kwamba maamuzi yote mawili yanatokana na swali lisiloihusu kazi yenyewe. Filamu ya namna hii ina mpangilio wake, na mpangilio huo unaweza kukaguliwa na mtu yeyote mwenye macho na subira. Kinachokaguliwa ni jinsi mwendo mmoja unavyopokezana na mwendo unaoufuata.

Nianze kwa kutenganisha mambo yanayochanganywa. Katika filamu kuna mwendo wa kitu kilicho mbele ya kamera: mkono unaoinuka, maji yanayotiririka, mraba unaokua. Kuna mwendo wa kamera yenyewe inapogeuka, inaposogea au inapofuata kitu. Halafu kuna mwendo wa tatu usiopatikana popote isipokuwa kwenye skrini, nao huzaliwa pale picha moja inapoondoka na nyingine kushika nafasi yake. Filamu ya kisa huitumia miendo yote mitatu, lakini kama watumishi: kamera husogea kwa sababu mhusika ameshtuka, na mkato, yaani badiliko hilo la picha moja kwenda nyingine, huja kwa sababu mlango umefunguliwa. Katika filamu ninazozizungumzia bwana ameondoka, na watumishi wameachiwa nyumba waiendeshe wenyewe.

Waasisi wa njia hii wengi walikuwa wachoraji. Viking Eggeling, raia wa Sweden, na Hans Richter, Mjerumani, walikuwa wakichora maumbo kwenye karatasi ndefu za kukunjuliwa, umbo moja likibadilika hatua kwa hatua hadi kuwa jingine, na ni kazi hiyo iliyowafikisha kwenye filamu, kwa sababu mabadiliko waliyoyatafuta yalidai muda halisi ambao karatasi haikuweza kuutoa. Richter alichagua miraba na mistatili inayokua na kunywea katika Rhythmus 21. Eggeling alikamilisha Symphonie diagonale mwaka 1924, filamu ya kimya ya dakika saba hivi ambamo mistari na mikunjo hujengeka na kufutika juu ya weusi mtupu. Ilionyeshwa hadharani mjini Berlin mwanzoni mwa Mei 1925, naye akafariki mwezi huohuo. Walter Ruttmann alikuwa amekwisha kuonyesha Opus I mwaka 1921, ikiwa na rangi na ikiwa na muziki uliotungwa mahususi kwa ajili yake na Max Butting.

Hata hivyo, mfano ninaoutegemea zaidi hauna maumbo ya kijiometri hata kidogo. Mwaka 1945 Maya Deren, akishirikiana na mcheza dansi Talley Beatty, alitengeneza A Study in Choreography for Camera, filamu ya kimya yenye dakika chache tu. Mchezaji anainua mguu akiwa msituni, na mguu huohuo unatua ndani ya chumba cha nyumba. Hakuna aliyesafiri, hakuna mlango uliofunguliwa, wala hakuna maelezo; kilichovuka kutoka mahali pamoja kwenda pengine ni mwendo wenyewe, na mtazamaji anaukubali kwa sababu mwelekeo na kasi ya mguu havikuvunjika kwenye mkato. Baadaye mchezaji anajikuta katika ukumbi wa makumbusho, na mwishoni kuna mruko uliounganishwa kutokana na vipande kadhaa, mrefu kuliko muda ambao mwili wowote unaweza kukaa hewani, kabla hajatua nje kwenye eneo la wazi. Jaribuni kuuliza kwamba filamu hiyo "inahusu nini" na mtapata jibu la kijinga, lakini ulizeni kwa nini mkato ule wa kutoka msituni umewekwa pale ulipo na mtapata jibu sahihi kabisa: kwa sababu mguu ulikuwa bado unashuka.

Hapo ndipo napata kipimo changu. Katika filamu ya kisa, ukibadilisha mpangilio wa matukio, kisa kinaharibika na kila mtu anaona. Katika filamu ya mwendo iliyotengenezwa vizuri, ukihamisha kipande kimoja, mwili wako wa mtazamaji unajikwaa ingawa huwezi kutaja ni tukio gani limepotea. Kama unaweza kuvichanganya vipande vyote upya na hakuna kinachojikwaa, basi mbele yako una mkusanyiko wa picha nzuri zinazotembea, na filamu bado haijatengenezwa. Nyingi ya kazi ninazoziona zikiitwa za majaribio siku hizi, moshi wa rangi ukijiviringa polepole au kitambaa kikipepea kwa mwendo wa taratibu, zinaangukia kundi hili. Zinapendeza, sibishi.

Norman McLaren, aliyefanya kazi kwa miongo kadhaa katika Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, alishikilia kwamba uhuishaji ni sanaa ya miendo iliyochorwa kuliko kuwa sanaa ya michoro inayokwenda, na kwamba kinachotokea kati ya fremu moja (picha moja tulivu katika mfululizo wa filamu) na nyingine kina uzito kuliko kilichomo ndani ya fremu. Ukiichukua kauli hiyo kwa uzito wake, utaelewa kwa nini mtu aweza kutengeneza filamu nzima kwa mistari ya wima inayosogea kando tu, kama alivyofanya yeye na Evelyn Lambart mwaka 1960, na isichoshe. Mstari hauna sura, kwa hiyo jicho halina pengine pa kwenda ila kwenye kasi, umbali na zamu.

Naomba maoni yenu, hasa ya wanaopinga.

Kiti cha Nyuma

Mkuu, umeandika vizuri, ila naona umeukwepa mlango mkubwa kuliko yote, nao ni muziki. Filamu nyingi za aina hii nilizoziona zimewekewa muziki, na ninashuku kwamba muziki ndio unaofanya kazi yote unayoisifu. Wimbo una mwanzo, una kupanda, una kilele na una kushuka, kwa hiyo yeyote anayefuatisha picha kwenye mapigo yake anaazima mpangilio wa mtunzi kisha anauita wake. Chukua Oskar Fischinger, mtengenezaji wa filamu dhahania. Studie Nr. 7 inakwenda na dansi ya Kihungaria ya Brahms, na Motion Painting No. 1 ya mwaka 1947 inakwenda na Bach. Ondoa Brahms, ondoa Bach, kisha tuambie kinachobaki.

Jicho Pembeni

Hoja ni nzito na inastahili kujibiwa kwa mifano uliyoitaja mwenyewe. Katika Studie Nr. 7 nakubaliana nawe kwa sehemu kubwa, kwa kuwa Oskar Fischinger aliyafunga maumbo yake kwenye mapigo kwa ukaribu sana, na ukizima sauti unahisi kwamba kitu kinachoamriwa kimeondokewa na anayeamuru. Motion Painting No. 1 ni jambo tofauti kabisa. Alipaka rangi ya mafuta kwenye vioo vya plastiki, akipiga picha ya fremu moja baada ya kila mguso wa brashi, kazi iliyochukua miezi, na matokeo yake ni filamu ya dakika kumi na moja hivi ambayo haifuati noti kwa noti. Mizunguko inajijenga, inafunikwa na matofali ya rangi, matofali yanafunikwa na njia zinazotambaa, na kila tabaka linaamuliwa na lililo chini yake kwa kuwa rangi iliyokwisha kupakwa haiondoki. Ukiitazama kimya, mpangilio unabaki pale pale. Bach anakuwa jirani, na wala si jirani mbaya.

Kuna pia ushahidi ulio karibu na jaribio la maabara. Shirley Clarke, ambaye alikuwa mcheza dansi kabla hajashika kamera, alitengeneza Bridges-Go-Round mwaka 1958 kwa picha za madaraja ya New York zilizowekwa tabaka juu ya tabaka hadi vyuma vikaonekana vinapishana na kugeuka. Filamu hiyo ina sauti mbili tofauti, moja ya jazi ya Teo Macero na nyingine ya sauti za kielektroniki za Louis na Bebe Barron, na imekuwa ikionyeshwa mara mbili mfululizo, picha zilezile, kwanza kwa sauti moja kisha kwa nyingine. Hisia zinabadilika sana: upande mmoja madaraja yana madaha, upande wa pili yana tishio. Lakini madaraja yanageukia palepale na yanaachana palepale. Kwa hiyo muziki unabadilisha hali ya hewa ya filamu, na mpangilio wa miendo unabaki ulivyokuwa.

Tena, kuna filamu ambazo hazikumwazima mtunzi yeyote. Stan Brakhage aliacha kazi zake nyingi ziwe kimya kwa makusudi. Katika Mothlight ya mwaka 1963 hakutumia hata kamera. Alibandika mabawa ya nondo na vipande vya mimea kati ya tepu mbili zinazopitisha mwanga, kisha ukanda huo ukanakiliwa kuwa filamu. Hapo mdundo unatoka kwenye ukubwa wa bawa likilinganishwa na fremu: kitu kirefu kuliko fremu kinateleza, kitu kifupi kinapepesa.

Swali Gumu

Nimewafuatilia wote wawili, na mimi nina tatizo kubwa zaidi kuliko la muziki. Mnazungumza kana kwamba kisa ni kitu ambacho mtengenezaji anakitia au anakiacha. Saikolojia inaonyesha vingine.

Mwaka 1944 Fritz Heider na Marianne Simmel walichapisha utafiti ambao msingi wake ulikuwa filamu fupi ya maumbo: pembetatu kubwa, pembetatu ndogo, kiduara, na mstatili wenye upande unaofunguka. Maumbo hayo yanasogea tu. Hata hivyo, watazamaji walipoulizwa wameona nini, karibu wote walieleza watu: mmoja mkorofi, wawili wanaokimbia, nyumba inayofungwa mlango. Hakuna uso, hakuna neno, na bado kisa kikajitokeza. Kama pembetatu mbili zinatosha kuzua ugomvi, basi "filamu ya mwendo isiyo na kisa" ni jina la matumaini kuliko jina la kitu kilichopo. Mtazamaji ataleta kisa chake hata mkimfungia nje.

Na mwili wa binadamu unazidisha hali hiyo. McLaren huyohuyo unayemtegemea alitengeneza Pas de deux mwaka 1968. Mwanamke yuko peke yake, mwanamume anatokea, wanasogeleana. Mwenye macho ataona mapenzi. Je, hiyo nayo haina kisa?

Jicho Pembeni

Swali Gumu, huu ndio upinzani niliokuwa nautafuta.

Utafiti wa Heider na Simmel naukubali wote, na ninadhani unaniunga mkono kwa njia moja. Maumbo yale hayakusogezwa ovyo. Pembetatu kubwa inaongeza kasi kuelekea ile ndogo, ile ndogo inarudi nyuma baada ya kuguswa, kiduara kinasubiri kisha kinaondoka. Yaani watafiti walitunga aina maalumu ya mwendo, mwendo wa kukimbiza, kukwepa na kugonga, na aina hiyo ndiyo inayowaita watu akilini. Kumbe basi mtengenezaji ana uwezo wa kuchagua. Eggeling aliepuka kugonganisha maumbo. Maumbo yake huota vijimeno, hujigeuza kama kwenye kioo na kupungua, na sijapata kusikia mtu akieleza Symphonie diagonale kama ugomvi. Mtazamaji huleta kisa pale miendo inapofanana na nia. Pasipo nia, huleta kitu kingine: matarajio. Umeona umbo limekua upande wa kushoto, sasa unasubiri likue kulia. Matarajio hayo ndiyo malighafi ya filamu hizi.

Kuhusu Pas de deux, ni kweli kwamba kuna mwanamke, mwanamume na ukaribu, na ukiyaandika hayo kwenye karatasi unapata sentensi mbili. Filamu yenyewe ina dakika kumi na tatu hivi. Dakika zote hizo zinatumika wapi? McLaren aliwaangazia wachezaji kutoka pembeni juu ya mandhari nyeusi hadi ikabaki kingo tu za miili yao, kisha akazinakili picha zilezile mara nyingi juu ya ukanda mmoja, hadi mara kumi na moja, kila nakala ikichelewa fremu kadhaa nyuma ya iliyotangulia. Mkono mmoja unapoinuka unaacha feni ya mikono nyuma yake, na mchezaji anaposimama, mikono iliyochelewa inamfikia mmoja mmoja hadi anakuwa mtu mmoja tena. Mvutano wa filamu umo katika kutawanyika na kukusanyika huko. Kisa cha mapenzi kipo, nakubali, na kazi yake ni kutupatia miili miwili na sababu ya kuipatanisha.

Mfano ulio safi zaidi ni Nine Variations on a Dance Theme ya Hilary Harris, ya mwaka 1966. Mcheza dansi Bettie de Jong anarudia kifungu kilekile cha dansi mara tisa. Mara ya kwanza kamera inamtazama kwa utulivu, tunajifunza kifungu chote, na kuanzia hapo kila marudio yanabadilisha umbali, pembe na ukataji, hadi ifikapo mwisho mwendo uleule umevunjwa vipande vidogo vya kiwiko, mgongo na kisigino. Ni kisa gani kinachoweza kusimuliwa mara tisa bila tukio jipya na bado kikakua? Kinachokua ni ujuzi wa jicho letu.

Mkono Mwepesi

Naomba kuuliza swali la vitendo. Nina simu, nina mwenzangu anayecheza dansi, na nina programu ya kuhariri. Kila ninapounganisha vipande naona vinakatikakatika, havipokezani kama mnavyoeleza. Nakosea wapi?

Fundi Mkasi

Mkono Mwepesi, bila kuona kazi yako naweza kukutajia sababu ninazokutana nazo mara kwa mara katika uhariri wa dansi.

Iliyo kubwa ni kukata mahali ambapo mwendo umekwisha. Mhariri mgeni humwacha mchezaji amalize kuinua mkono, kisha anakata, kisha kipande kinachofuata kinaanza na mchezaji aliyetulia. Umepata vituo viwili mfululizo. Kata mkono ukiwa bado njiani, na kipande cha pili kianze mkono ukiwa njiani vilevile. Ili uweze kufanya hivyo ni lazima mchezaji awe amerudia kifungu chote kizima kwa kila pembe, asianzie mahali unapofikiria utakata, kwa sababu mwili unaoanza upya hauna kasi ya mwili ulio katikati ya safari. Hili ndilo linalowaponza wengi, na hakuna programu inayoweza kulirekebisha baadaye.

Angalia pia mwelekeo kwenye skrini. Mkono uliokuwa unakwenda kulia ukiendelea kushoto baada ya mkato, jicho litahisi mgongano. Unaweza kuutaka mgongano huo, lakini uwe umeuchagua. Jicho la mtazamaji nalo liko mahali fulani wakati wa mkato. Kama liko juu kulia likifuata vidole, mpe kitu cha kufuata juu kulia katika kipande kinachofuata. Lisipokikuta, litatumia fremu kadhaa kukitafuta, na hapo ndipo unaposikia "kukatika".

Simu nyingi huweza kurekodi fremu 60 kwa sekunde, nyingine 120. Ukizichezesha kwa fremu 24, mwendo unapungua kasi mara mbili na nusu au mara tano. Nakushauri usichanganye kasi hizo ovyo, kwani mkono unaoshuka kwa kasi ya kawaida hauwezi kupokewa na mkono unaoelea. Ukitaka kupunguza kasi, punguza ndani ya mwendo mmoja, kisha ukate ukiwa kwenye kasi ileile mpya. Na hariri toleo la kwanza bila muziki wowote. Muziki utakusamehe mikato ambayo hukupaswa kusamehewa.

Kiti cha Nyuma

Nimetumia kipimo cha kuzima sauti, alichokitumia mwanzisha uzi kwa Motion Painting No. 1, na naleta matokeo. Filamu ya Deren ilikuwa kimya tangu mwanzo, kwa hiyo haina la kupoteza. Mothlight vivyo hivyo. Lakini A Colour Box ya Len Lye, ya mwaka 1935, ilipungua sana nilipoinyamazisha. Rangi zilizopakwa moja kwa moja kwenye ukanda ziliendelea kurukaruka, ila sikuhisi tena kwamba zinarukia kitu. Na bado ninaiona ni filamu bora kuliko Symphonie diagonale. Kwa hiyo kipimo chako kinaiangusha filamu ambayo hata wewe, nadhani, unaipenda.

Jicho Pembeni

Naipenda, na kupungua kwake bila sauti hakuiangushi. Lye aliitengeneza kwa ajili ya kitengo cha filamu cha Posta ya Uingereza, kama tangazo la huduma ya vifurushi, na aliipaka kwa kufuata muziki wa dansi uliokwisha kurekodiwa. Miendo ya filamu ile inapokezana na sauti: mstari unachukua pale ala inapoachia, madoa yanajibu ngoma. Ukiinyamazisha umeondoa mmoja wa wapokezanaji, sawa na kuondoa nusu ya vipande vya Deren. Kuzima sauti kunafichua filamu iliyojificha nyuma ya muziki. Filamu inayojibizana na muziki waziwazi inakaguliwa kwa kutazama majibizano yenyewe.

Mlinganishe Lye na Lye. Katika Free Radicals ya mwaka 1958 aliacha rangi, akachukua ukanda mweusi na kuukwaruza kwa sindano na vyombo vingine vyenye ncha, akitumia ngoma za Wabagirmi wa Chad. Mistari myeupe inajizungusha kana kwamba ina kina, inajikunja, inatetemeka, na mara kadhaa inatulia au kutoweka wakati ngoma zinaendelea. Mwaka 1979 aliirudia na kuifupisha kutoka dakika tano hivi hadi nne. Anza na toleo hilo fupi, uliangalie kwanza likiwa na sauti, kisha kimya, na safari hii uniandikie ni mikwaruzo gani iliyosimama yenyewe na ni ipi iliyoanguka.